Mashine ya Baba na Hoteli ya Jua

Baba yangu aliposikia kwamba dizeli inakufa, alikuwa anachovya mkate wa ufuta kwenye chai, akauacha humo mpaka ukakatika. Aliyetuletea habari hiyo ni mtoto wa shangazi yangu anayeishi Uingereza. Alipiga simu kutusalimia tu, akataja kwa kupita kwamba ameuza gari yake, maana mji anaokaa hautaki tena magari ya zamani ya dizeli yaingie katikati.

"Yamefanya kosa gani?" Baba akauliza.

"Moshi, mjomba."

"Moshi," Baba akarudia, kama mtu aliyeambiwa kwamba kijana mzuri amekataliwa posa kwa sababu ana pua.

Sisi ni watu wa asili ya Kutch, huko India, na duka letu la spea za dizeli nyuma ya soko la Darajani lilifunguliwa na babu. Baba amekulia humo, baina ya makopo ya grisi na pistoni zilizofungwa karatasi za mafuta. Watu wengine wakitaka kukujua huuliza ukoo wako. Baba huuliza mashine yako. Nimewahi kumsikia mazikoni akimsifu marehemu, akasema alikuwa mtu mwema sana, mashine yake ya boti haikupata kuungua gasketi hata siku moja. Wafiwa walimshukuru. Walijua kwamba hana sifa kubwa kuliko hiyo.

Baada ya simu ile, habari mbaya zikaanza kuandamana. Kiwanda cha India tunachoagizia pistoni kikatuarifu kwamba sasa kinatengeneza pampu za jua, na vipuri vya mashine ndogo kitauza vilivyobaki basi. Hata mafundi wa boti za abiria, wateja wetu wa tangu na tangu, wakawa wanakaa dukani kwetu wanazungumza mambo ya betri, mbele ya Baba, bila haya. Baba mwenyewe akaanza kuzifuata habari hizo kwenye simu, miwani puani. Nikirudi skuli ninakosomesha, namkuta mlangoni.

"Leo wamefunga kiwanda chengine."

"Innalillahi," nikamjibu siku moja, nikitania.

"Wa inna ilayhi rajiun," akasema, naye hakutania, akaingia ndani.

Lakini hakukubali kushindwa. Swali lake lilikuwa moja, na alimuuliza kila aliyekaa naye: "Hizo meli zinazotuletea betri, zinakwenda kwa nini? Kwa dua?" Wengi waligeuza mazungumzo, naye akachukulia hilo kuwa ushindi.

Uwani kwetu, katika nyumba yetu ya Mji Mkongwe, ilikuwapo mashine yake mwenyewe: ya kijani, ya silinda moja, ina gurudumu zito la chuma ubavuni na mpini wa kuiwashia. Zamani ilikuwa ikipandisha maji kwenye tangi la juu, na ikiwashwa hata vikombe vya jirani vilitikisika kabatini. Tulipoweka pampu ya umeme, ikastaafu. Baba aliendelea kuipaka mafuta na kuizungusha kidogo kila Ijumaa, "isije ikajiona imetupwa."

Nyumba ya pili kutoka kwetu ilinunuliwa na mtu wa Tumbatu, mpole, mwenye akili ya biashara, akaifanya hoteli. Juu ya paa aliweka sola, na wageni wake waliambiwa kwamba hapo hata chai inachemshwa na jua. Asubuhi moja akabisha hodi kwetu.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba. Karibu, kaa kitako."

Alikaa, akanywa kahawa, akauliza hali za watu wote, kisha akasema, "Mzee, nnaitaka ile mashine yako ya uwani."

Uso wa Baba ukanawiri. "Jua limekuangusha?"

"Hapana, mzee. Nnataka kuiweka mapokezi. Iwe pambo."

Nilidhani Baba atamtoa nje. Aliitazama mashine, akaitazama kahawa. Baadaye aliniambia alichofikiri: uwani kwetu anaiona yeye na paka, na mapokezi ya hoteli itaonwa na dunia nzima. Akakubali kwa masharti mawili. Isiwekewe vyungu vya maua juu yake, na yeye aruhusiwe kuitembelea kila Ijumaa baada ya sala.

Kuihamisha kutoka nyumba yetu mpaka nyumba ya pili kulichukua asubuhi nzima. Mahamali waliipakia kwenye gari la mkono, wakafika nalo kwenye kona ya kichochoro, likakwama. Halikwenda mbele, halikurudi nyuma. Vespa zikajipanga pande zote mbili, na kila mwenye vespa akawa mhandisi. Mmoja akashauri kona ya ukuta ichongwe kidogo. Bibi mmoja aliyekuwa dirishani juu akamjibu kwamba nyumba hizi ni urithi wa dunia, haziguswi, bora wachonge mashine. Baba aliposikia hivyo akaukumbatia mtambo wake kwa mikono miwili, na mahamali ikabidi wawasukume wote pamoja, yeye na mashine. Ndipo gari likapita.

Hotelini iliwekwa chini ya taa nzuri, mkabala na kochi la wageni. Chungu cha maua hakikuwekwa. Kiliwekwa kibao kilichosema "Mashine ya Kale." Baba alikisoma mara mbili.

"Ya kale?" akaniuliza. "Mimi nimezaliwa kabla yake."

Hata hivyo akazoea. Kila Ijumaa alikwenda na kanzu yake nyeupe na kikapu chake, akakaa kwenye kochi akapewa juisi ya ukwaju, mfano wa mtu aliyekwenda kumtazama mgonjwa. Wafanyakazi wa mapokezi walimpenda, na kwa kumpenda wakaamua kuitunza mashine hata siku asizokuja. Tatizo ni kwamba walikuwa wa zamu mbalimbali na hawakuambizana. Kila zamu ilidhani nyengine imesahau, ikatia oili kidogo kwenye tundu la juu. Hayo tuliyajua baadaye.

Ijumaa moja alasiri nilimsindikiza Baba. Tulipoingia tukamkuta mgeni mmoja mkubwa wa umbo, mzee wa Kijerumani, amepiga magoti mbele ya mashine kama anayemfunga mtoto kamba za viatu. Mkewe alikuwa kwenye kochi anasoma kitabu.

"Muulize kapoteza nini," Baba akaniambia.

Nilimuuliza kwa Kiingereza. Alisema hakupoteza kitu. Alifanya kazi maisha yake yote katika kiwanda cha injini za dizeli, na ukumbi aliokuwa akifanyia kazi sasa unatengeneza betri. Siku ya kuagana walimpa zawadi ya saa ya ukutani.

Nilimfasiria Baba. Akafikiri.

"Muulize hiyo saa inakwenda kwa nini."

Nikamuuliza. Ilikuwa ya betri.

Wazee wawili wakatazamana, kisha Baba akamshika mkono yule mgeni akaushikilia, kama tunavyowashika wafiwa. Baada ya hapo sikuhitajika sana. Mmoja alionyesha kidole, mwengine akaitikia kwa kichwa. Baba akagusa kinyunyizio cha dizeli akasema "noseli," mgeni akasema neno la kwao linalofanana nalo, wakafurahi. Mwishowe mgeni akauliza swali ambalo hata mimi nililielewa kabla hajalimaliza: je, inawaka?

Baba akafungua kikapu chake akatoa chupa ya maji iliyojaa dizeli. Hapo ndipo nilipojua kwamba Ijumaa zote hizo alikuwa anakuja nayo, akingoja mtu mmoja tu amuulize.

"Baba," nikasema, "hapa ni ndani ya hoteli."

"Tutafungua dirisha," akasema.

Wakafungua dirisha. Mgeni akashika mpini, Baba akashika kidude cha kulegeza mgandamizo, wakahesabu kila mtu kwa lugha yake, na mashine ikakohoa, ikatoa moshi mweupe, ikawaka. Tuk, tuk, tuk. Mlio ule ule wa utotoni mwangu. Glasi za ukwaju zikaanza kutembea mezani. Mjerumani alikuwa anafuta macho, na sina hakika kama ulikuwa moshi.

Halafu mlio ukaongezeka. Baba akafunga dizeli. Haikupungua. Ikazidi, ikazidi tena, na moshi ukawa mweusi, mzito, unatoka kwa wingi ambao dirisha lile halikuwahi kuahidi. Nilimwona Baba akibadilika rangi. Mashine ya dizeli ikijazwa oili kupita kiasi huweza kuanza kuinywa oili yake yenyewe, na ikifika hapo haijali tena kama umeinyima dizeli. Itakimbia mpaka ipasuke. Dawa yake ni moja, kuinyima pumzi.

Wazee walitamka neno moja kwa pamoja, "Hewa!", huyu kwa Kiswahili, yule kwa Kijerumani, nami sikuwa na haja ya kufasiri. Mgeni akaurukia mto aliouegemea mkewe, akauchomoa, akaubana kwenye tundu la kuvutia hewa. Mto ukapasuka, na sufi ikaanza kuvutwa ndani na kutolewa upande wa pili ikiwa inafuka moshi. Wapokezi wote walikuwa wameshatoka nje. Baba akatazama huku na huku, akanyakua sinia la shaba la kukaribishia wageni, akamwaga glasi zote, akalipigiza kwenye lile tundu na kuliegemea kwa kifua. Mjerumani akamwegemea Baba. Mashine ikavuta, ikakosa, ikajitikisa kama mbuzi anayetolewa kamba, ikazima.

Moshi ulipopungua niliona kwamba kuta nyeupe za mapokezi hazikuwa nyeupe tena. Kanzu ya Baba ilikuwa ya rangi ya kahawa iliyoungua. Sufi nyeusi ilikuwa inaanguka polepole kutoka darini. Mke wa mgeni akashusha kitabu, na uso wake ulikuwa na masizi isipokuwa pale kitabu kilipomkinga. Akamwambia mumewe maneno machache, akageuza ukurasa. Nilimuuliza mumewe amesema nini. Alisema, "Amesema hata nyumbani nilikuwa hivi hivi."

Mwenye hoteli alishuka ngazi taratibu. Alisimama kwenye ngazi ya mwisho, akatazama kuta, akatazama sinia, akamtazama Baba.

"Mzee, nlikwambia nataka pambo."

"Nami nlikwambia ni nzima," Baba akajibu.

Baba aliona haya. Niliijua sauti yake. Aliahidi kupaka chokaa kuta zote kwa gharama yake, na Mjerumani akang'ang'ania kushika brashi, wakapaka pamoja. Lakini mashine haikuweza kubaki. Mwenye hoteli alilisema hilo kwa adabu, na kwa adabu hiyo hiyo akatoa wazo. Sabuni za vyumbani mwake alikuwa akizinunua kwa kikundi cha wanawake wa Jambiani wanaolima mwani. Mota ya umeme ya kinu chao cha kusagia mwani ilikuwa imeungua kwa sababu umeme wa huko unapanda na kushuka, na tangu hapo walikuwa wakitwanga kwa mchi.

Baba akaisafisha sufi na kuimwaga oili iliyozidi, kisha tukaenda Jambiani, mashine kwenye keri, kigari cha mizigo, na Baba na Mjerumani nyuma yake wakiishikilia. Mke wa mgeni alikaa mbele pamoja nami, na kitabu.

Mkuu wa kikundi alikuwa Bi mmoja wa makamo, mrefu, amejifunga kanga kiunoni. Aliizunguka mashine mara mbili.

"Inakula nini?" akauliza.

"Dizeli, kidogo sana," Baba akasema.

"Na nini chengine?"

Baba akasita. "Ukiijaza kupita kiasi hula oili."

"Na mito," nikaongeza.

Bi akaguna. Akamwambia Baba wazi kwamba wataichukua, lakini umeme ukitengenea watarudi kwenye mota, maana mota haina kelele na wao hupenda kuzungumza kazini. Nilimtazama Baba kwa hofu. Huyu ni mtu aliyebishana na kila aliyekaa naye kwa jambo hilo hilo.

"Haya," Baba akasema. "Mpaka umeme utengenee." Hakuonekana kuwa na wasiwasi kwamba siku hiyo ipo karibu.

Kilichobaki ni kuamua bomba la moshi lielekee wapi. Upande mmoja kulikuwa na kamba za kuanikia mwani, upande wa pili kulikuwa na kibanda wanamocheza bao wanaume. Wanawake hawakujadiliana. "Kule," wakasema kwa pamoja, wakionyesha kibanda.

Kinu kilisaga mpaka jioni. Unga wa mwani ukatoka laini, Bi akaushika baina ya vidole, akatikisa kichwa kwa kuridhika, na wenzake wakaleta magunia mengine. Mke wa Mjerumani alifunga kitabu kwa mara ya kwanza, akanunua sabuni za mwani zenye harufu ya karafuu, zilizofungwa kwa ukindu, akampa Baba moja na mumewe moja wanawe mikono.

Walisugua sana pale bombani, bega kwa bega. Povu lilikuwa zuri, harufu ilikuwa nzuri, na mikono ikabaki myeusi vile vile. Bi akawatazama kwa muda, kisha akaingia ndani akatoka na kipande cha sabuni ya mche.

"Hiyo ya wageni," akasema. "Sisi twatumia hii."