Kiinua Mgongo kwa Jina la Utotoni

Baba alipostaafu utarishi wa boma la Newala alimwahidi mama kitu kimoja tu. Kiinua mgongo kikitoka, atajenga tangi la kuvuna maji ya mvua, mama aache kushuka bondeni na mtungi kichwani. Magoti ya mama yalikuwa yamekwisha. Mimi nilikuwa nimeolewa Masasi, na kila nilipopanda kuwasalimia nilimkuta anayakanda kwa maji ya moto, yale yale aliyoyafuata bondeni.

Karani wa boma alikuwa kijana mwenye adabu zake.

"Shikamoo, mzee. Hii si hisani," alimwambia baba. "Sheria inaibana serikali, aliyetumika miaka yote hiyo lazima alipwe. Ila miaka yako ya mwanzo imeandikwa kwa jina jingine."

Baba alianza kazi akiwa mtoto, akiwachotea maji wakubwa wa boma, kabla hajaingia jando. Kwetu mvulana akitoka jandoni hupewa jina jipya, na lile la utotoni halitajwi tena. Kumwita mtu mzima kwa jina hilo ni kumtukana, na nimeona watu wakishikana mashati kwa ajili yake. Mimi, mwanawe wa kumzaa, la baba sikulijua. Na bila miaka ile ya mwanzo asingefikisha muda wa kulipwa, asingepata kitu.

Wakatakiwa mashahidi. Wenzake waliotoka naye jando walifika mmoja mmoja, wote wakasema wamelisahau. Nilitamani kuwachapa wazee wale.

"Waache, mama," baba alinituliza. "Wananistahi."

Basi ikabidi akiri mwenyewe, mbele ya watu. Siku hiyo baraza lilijaa. Wakwe zake walikuwepo, na vijana aliowasimamia jandoni pia. Karani akaliita jina lile kwa sauti. Lilikuwa la kitoto kweli. Mtu akaguna, mwingine nyuma yangu akacheka. Baba akasimama, akavua kofia.

"Ndiye mimi," alisema, kwa sauti nisiyoitambua.

Serikali ikatimiza wajibu wake mpaka senti ya mwisho, nami nikalia kwa hasira palepale nilipokaa na wanawake wenzangu. Sheria iliyoweza kukumbuka miaka yote ile, ilishindwa nini kumwita mzee pembeni?

Tangi likajengwa. Mvua za kwanza zilipolijaza, mama alichota kikombe akampelekea baba kibarazani. Alikipokea kwa mikono miwili, akakiweka chini. Msimu ule wazee wenzake hawakumwita kusimamia jando, wala yeye hakuuliza.

Mama aliyanywa maji yale, na magoti yake yakapata nafuu. Baba hakuyagusa. Mpaka anakufa alishuka bondeni kila asubuhi na debe lake, akajichotea ya kwake, kama alivyofanya kabla hajapewa jina la kiume.