Vitamutamu vya Karobu na Mikono ya Goretti

Watu wa kanisa walilisahau lile tusi. Mke wa mchungaji alisahau, na aliyetukana mwenyewe nadhani alisahau kabla hajafika kwake. Lakini Goretti asahau? Thubutu! Aliamka nalo, akapanda nalo basi kwenda kazini, akarudi nalo Ladywood, hapa Birmingham, kwenye flati yake ya ghorofa ya juu, akalala nalo. Na mimi simlaumu hata kidogo. Wapo wanaopenda kusema kisasi ni cha Mungu, na ukiwachunguza utakuta hawajawahi kutukanwa mbele ya watu wakiwa wameshika sinia.

Ilikuwa hivi. Jumapili ya akina mama, kule Handsworth kwenye ukumbi ambao Wakenya huukodi kwa ibada ya Kiswahili, Goretti alipeleka sinia zima la vitamutamu vya karobu na njugu. Asiyeijua karobu na aijue leo: ni unga wa maganda ya mti fulani wa nchi zenye jua kali, rangi yake kahawia kama kakao, na una utamu wake wenyewe hata usipotia sukari. Goretti alifundishwa kuutumia na mama mmoja mzee kutoka Saiprasi, katika nyumba ya wazee anakofanya kazi. Alimwogesha yule mama, akamvisha, akamlisha, na mama naye, kwa Kiingereza chake cha kubabaisha, akamfundisha kitu pekee alichokuwa bado anakikumbuka sawasawa. Alipofariki, Goretti alimlilia kuliko walivyomlilia watoto wake wa kuzaa.

Basi sinia likawekwa kando ya chai, watu wakaanza kunyoosha mikono. Ndipo Roselyne, mwenyekiti wa kamati ya jikoni, akasema, tena si kwa kunong'ona: "Mimi mnisamehe. Mikono inayopangusa wazee huko nyuma mchana kutwa ndiyo inakuja kutufinyangia peremende?"

Mmoja akacheka, wa pili akadakia, na mikono yote iliyokuwa imenyooshwa ikarudi kwenye vikombe vya chai. Goretti alisimama pale na tabasamu lililomgandia usoni, akijifanya hajasikia. Sinia likarudi Ladywood limejaa.

Wahenga walisema akutukanaye hakuchagulii tusi. Huyu alichagua. Roselyne alipofika Birmingham mara ya kwanza, hana mbele wala nyuma, alilala kwa Goretti na kula ugali wa Goretti, na ni Goretti huyohuyo aliyempeleka kwa meneja wa nyumba ya wazee akamwombea kazi. Wazee walewale Roselyne aliwapangusa bega kwa bega naye, kabla hajapata kazi ya ofisi na kununua nyumba Great Barr. Kwa hiyo alipotaja mikono, alijua vizuri sana anataja nini. Mtu wa hivyo hasamehewi kwa sababu tu Jumapili nyingine imefika.

Goretti alikuwa na mtu mmoja tu wa kumweleza. Huyo ni Jasbir, mama wa Kisingasinga mzaliwa wa Kisumu, mwenye duka la nafaka na viungo karibu na Soho Road. Hapo ndipo Goretti alinunua unga wake wa karobu, na hapo alipata Kiswahili cha nyumbani bila kuulizwa ni wa kabila gani.

"Tia pilipili," Jasbir alimshauri, huku akipima lozi. "Ile ndogo ya kichaa. Ndani ya kimoja tu, na wewe peke yako unajua ni gani."

"Sitaki aumwe tumbo," Goretti akasema. "Akiumwa, si atasema aliwaonya? Mimi nataka ale. Mbele ya watu walewale, kutoka mkono huuhuu, na ameze."

Jasbir akaacha kupima. "Hiyo ni mbaya kuliko pilipili," akasema, na akamwongezea konzi ya lozi juu ya zile alizopima.

Nafasi ilikuja na mama yake Roselyne. Kogo Jelagat, ndivyo kila mtu alivyomwita, maana kogo ni nyanya kwa lugha ya kwao, alikuwa amekuja kutoka Eldoret kumtembelea binti yake. Roselyne akiwa ofisini, Kogo alikuwa akiletwa Handsworth kila Jumatano kwenye maombi ya akina mama. Goretti, siku zake za mapumziko, akahakikisha kiti kilicho karibu na Kogo ni chake. Msije mkasema huo ulikuwa wema. Ulikuwa mtego, na Goretti alijua ni mtego. Shida ni kwamba Kogo alikuwa mtu wa kupendeka, mwenye umbea mtamu na vicheko vya tumboni, na mara nyingine Goretti alijikuta amesahau kwa nini alikaa pale. Akishakumbuka, hasira ilimpanda upya kwa kule kusahau.

Jumatano moja akina mama walizungusha chokoleti. Kogo akakataa. "Hii kitu inanipandisha moyo, unadunda du! du! usiku kucha," akalalamika. Goretti akafungua mkebe mdogo aliokuwa nao mkobani.

"Jaribu hiki, Kogo. Ni karobu. Hakipandishi moyo."

Kogo akala kimoja, akafumba macho, akala cha pili. Vilivyobaki alivifunga kwenye leso akaenda navyo Great Barr, na Goretti akapanda basi lake akitabasamu peke yake kama mwehu.

Haikuchukua muda. Kogo alikuwa anatimiza miaka themanini, na Roselyne alipanga kumwagizia keki ya ghorofa tatu. Kogo akasema keki ya chokoleti itamuua na ile ya krimu ni povu la sabuni. Alitaka vile vya Goretti. Roselyne akabisha siku mbili tatu, lakini mzee wa Kikalenjin akishasema lake nyumbani, hata kama nyumba ni yako, utafanyaje? Akamtuma Wambui, katibu wa kamati, apige simu.

"Dada Goretti," Wambui akasema, sauti yake imejikunja, "Roselyne anaomba umtengenezee mama. Watakaokuja ni sisi wa kanisani tu, na nimeuliza, hakuna anayedhuriwa na njugu. Atashukuru sana. Ila tu..."

"Ila nini?"

"Anasema uvae glavu."

Goretti akahamishia simu sikio la pili.

"Mwambie nimesikia," Goretti akasema.

Kusikia ni kusikia. Hakusema atavaa.

Ijumaa akaingia jikoni. Akakaanga njugu karanga kwa moto mdogo mpaka harufu ikajaa flati nzima, akazifikicha ndani ya taulo, akatoka nazo nje kwenye roshani akapepeta maganda. Lozi akazikata vipandevipande. Tende alikuwa amezilowesha, akazitoa kokwe na kuziponda. Kisha akaweka unga wa karobu kwenye kikaango kikavu, harufu yake iamke kidogo tu, kwa sababu ule ukizidishiwa moto unakuwa mchungu. Na hapo ndipo maneno ya Wambui yalipomrudia. Nivae glavu! Mimi! Aliposhtuka, unga ulikuwa umeshaungua na moshi umemwingia machoni. Akautupa wote. Akakaa kwenye kigoda, akalia kwa hasira, kilio kile kisichokuwa na huruma ndani yake, akanawa uso, akaanza upya.

Sasa nikwambie jambo. Goretti alikuwa mtu wa glavu siku zote. Hata vile vya Jumapili ya akina mama alivitengeneza akiwa amevaa, kwa mazoea ya kazi tu. Ijumaa hii alinawa mikono mpaka viwikoni, akasugua kucha kwa brashi, akaosha tena, kisha akaliacha boksi la glavu palepale juu ya friji. Akachanganya njugu, tende, karobu na chumvi kidogo, akakanda kwa mikono mitupu mpaka donge likang'aa kwa mafuta ya njugu. Kila kitamutamu alichofinyanga alikibonyeza juu kwa vidole vitatu, taratibu, ili alama zibaki. Hakuna kilichotoka bila vidole vyake.

Jumamosi sebule ya Roselyne ilijaa. Walikuwepo wote: mke wa mchungaji, Wambui, wale waliocheka na wale waliorudisha mikono. Goretti akaweka sinia mbele ya Kogo, vitamutamu vimepangwa kama kichuguu, mshumaa mmoja juu. Roselyne akainama kuvitazama. Akainama zaidi.

"Goretti, hizi alama ni za nini?"

"Vidole," Goretti akasema.

Roselyne akanyooka, midomo ameibana. Lakini angesema nini, na wageni wameshaanza kuimba? Kogo akazima mshumaa kwa kupuliza mara ya pili, watu wakapiga vigelegele, na Roselyne akatokea jikoni haraka na rundo la sahani na uma.

Hapo alikosea. Kila Mkenya anajua kwamba mwenye siku yake humlisha kila mtu kwa mkono, wakubwa kwa wadogo, na ambaye hakulishwa hurudi kwake na neno moyoni.

"Mama, watu ni wengi," Roselyne akasema. "Haya mambo ya kulishana yamepitwa na wakati. Nitagawa kwa sahani."

"Nimepanda ndege mpaka huku nije nigawiwe kwa uma kama niko hospitali?" Kogo akauliza. Akainua mikono yake, nayo ilikuwa ikitetemeka, maana tangu alipougua mwaka juzi haikutulia tena. Jumatano iliyopita Goretti alikuwa amemwinamia sikioni na kumwambia: Kogo, mikono yako ikichoka, mkono wangu upo. Neno dogo tu. Kogo hakulisahau. "Goretti, njoo uwe mkono wangu leo. Anza na huyu mtoto wangu, alete mdomo hapa."

Watu wakacheka kwa furaha. Simu zikainuliwa kupiga picha, za waliocheka siku ile zikiwa mbele kabisa. Roselyne hakuwa na pa kukimbilia, nyuma kuna meza, mbele kuna mama yake, na katikati kuna Goretti na mkono wake.

Goretti akachagua kile chenye alama za vidole zilizozama kuliko vyote. Akakishika mbele ya uso wa Roselyne, lakini hakukisogeza. Akangoja. Alitaka shingo ile ije yenyewe. Sebule ikaanza kupungua kelele, kwa sababu wapo waliokumbuka sasa, na Wambui akateremsha simu yake akatazama zulia. Roselyne akainamisha shingo. Akafungua mdomo. Goretti akakitia kitamutamu ndani polepole, mpaka midomo ya Roselyne ikagusa vidole vyake, na hakuviondoa upesi.

"Ni tamu?" Kogo akauliza, hana habari na lolote.

"Tamu, Mama."

"Wa nyuma hawajasikia," Goretti akasema.

"Tamu," Roselyne akasema kwa sauti, na wa nyuma wakasikia.

Mkono mtupu haulambwi, nao wa Goretti haukuwa mtupu. Alisikia utamu wa ushindi ukimpanda kutoka miguuni, mzito, utamu ambao hakuna karobu inayoufikia, na hakuona haya. Alikuwa ameungoja kwa muda mrefu na sasa ulikuwa wake.

Machozi yakamjaa Roselyne. Akamkamata Goretti kifundo cha mkono, akamvuta karibu, na kwa sauti ya chini, mdomo bado umejaa njugu, akasema: "Goretti, nisamehe. Nilisema vibaya. Nisamehe, tafadhali."

Goretti akamtazama. Akaona kwamba anaomba kweli, kwamba si kwa ajili ya watu. Akamwachia ashike mkono ule kwa muda kidogo, mbele ya wote.

"Tafuna kwanza," akamwambia, na akachukua cha pili.