Nguvu Iliyobaki Kwenye Upinde

Nikiuona upinde, hata wa mtoto wa kuchezea, moyo wanirudisha Kisauni, miaka ya arobaini, nguruwe mwitu walipokuwa wakitumalizia mihogo na baba hana bega la kuwapigia.

Bega hilo liliharibiwa na gunia bandarini. Baba alikuwa mpiga mishale tangu ujana wake Rabai, na upinde ule aliachiwa na babake. Kwetu upinde wa mtu hauguswi ovyo. Sisi wasichana hata kuuruka tulikatazwa. Siku alipoutoa akamkabidhi kaka yangu mkubwa, amtafutie njia ya kuutumia kwa bega moja, nilijua amechoka kuketi akitazama. Alitaka yeye mwenyewe aangushe nguruwe mmoja tu, kwa mkono wake.

Kaka alikuwa mwalimu wa shule ya misheni. Aliulaza upinde juu ya mti aliouchonga kama kitako cha bunduki, akatia kifyatulio. Kamba tutaivuta sisi, tuikwamishe. Baba atalenga na kufyatua kwa kidole. Mshale wa kwanza ukauchoma mgomba, ukazama. Baba akacheka! Sikuwa nimekisikia kicheko kile tangu aumie. Laiti wangeachia hapo, jamani.

Lakini kaka alikuwa na hesabu zake. Akachora mchangani: nguvu ya mshale unaoruka ni nusu ya uzito wake, mara kasi, mara kasi tena.

"Baba, uzito wahesabiwa mara moja, kasi mara mbili. Kasi ikiongezeka maradufu, nguvu yawa mara nne! Tuupunguze mshale, ukimbie."

"Huyu mwanangu ana kichwa," baba akasema. "Haya, chonga!"

Akachonga. Mshale ukakimbia kweli, tukapiga makofi sote.

"Punguza tena," akasema baba mwenyewe.

"Nyinyi, tosheka!" Mama alikuwa akimenya mihogo, na nani wa kumsikiliza? Mshale ukachongwa mpaka ukawa kama kijiti cha ukuti. Kaka akafyatua. Pa! Upinde ukapasuka katikati. Baba aliviokota vipande, akavipangusa mchanga, akaingia ndani.

Kaka alikonda kwa fikra. Alasiri moja akaja mbio kutoka shuleni, baba ameketi barazani.

"Baba, nimeelewa! Nguvu yatoka kwenye upinde, nayo ina kiasi chake. Mshale mzito huondoka na sehemu kubwa. Mwepesi hukimbia, lakini huchukua kidogo, na inayobaki huurudia upinde wenyewe. Ndiyo iliyoupasua. Mshale wako wa kwanza ndio uliofaa."

Baba alimsikiliza mpaka mwisho, akiitikia kwa kichwa.

"Vyema, mwanangu. Sasa umeelewa." Akaunyoosha mkono wake mzima. "Basi niletee upinde wangu. Nguruwe wameshaingia shambani."

Kaka aliingia ndani, akatoka na vile vipande, chaki ingali vidoleni.