Mzee Aliyelala Chini Sokoni

Nguo ya magome ya mti ina harufu ya moshi na udongo uliolowa. Nikiinusa popote, narudi Burumba, kwenye chumba cha nyuma ambacho mama alimpangisha Lwanga, fundi cherehani kutoka ng'ambo ya mpaka. Alikuwa kijana mpole, mwenye vidole laini kuliko vya mwalimu wetu. Kushona, nisimsingizie, hakujua. Sketi yangu ya shule aliishona upande mmoja mrefu.

Jumapili baada ya kanisa Waganda walimjia mmoja mmoja, kila mtu na kitambaa kwapani. Madirisha yakafungwa jua likiwaka. Siku moja nilipeleka chai, nikasukuma mlango bila kubisha. Wanaume wazima walikuwa wamelala kifudifudi sakafuni, na Mzee Kato, mchuuzi wa kahawa kutoka Malaba, akiwa mbele yao. Fundi wetu alikuwa ameketi juu ya ile nguo ya magome, akiwatazama. Nililiacha birika kizingitini.

Mama alinivuta jikoni. Alinieleza kwamba ufalme wa Buganda ulikuwa umefutwa, kwamba Lwanga ni damu ya wafalme, na wageni wale wamekula kiapo kumkalisha kwenye kiti. Wanajeshi wa ng'ambo wakijua, watamfuata mpaka hapa.

"Kuna watu wamechukuliwa hapa hapa Burumba, hawajarudi," alisema. "Wewe fyata ulimi. Wakimpata kwetu, na sisi tumekwisha."

Tangu siku hiyo, gari likisimama karibu na kwetu, nilikimbilia kuchungulia dirishani.

Ikafika siku ya soko. Mama alikuwa akiuza omena, nami kando yake. Lwanga alipita akitafuta vifungo, na pale kwa wauza nyanya akakutana uso kwa uso na Mzee Kato. Wahenga walisema mazoea yana taabu. Mzee aliyefundishwa tangu utotoni kulala chini mbele ya mfalme hakupata hata nafasi ya kufikiri. Magoti yalikunjika, akalala kifudifudi vumbini, mbele ya fundi cherehani. Wanaume wawili wenye miwani myeusi, ambao sikuwahi kuwaona, wakageuka kutazama.

Mama aliruka meza ya omena.

"Kifafa! Baba yangu ameshikwa na kifafa!"

Akammwagia maji. Mzee naye, Mungu amrehemu, akaanza kutetemeka na kutoa povu. Watu wakarudi nyuma, maana kwetu povu la kifafa liliogopwa kama moto.

Mmoja wa wale wawili akaniinamia. "Wewe, huyu mzee ni nani?"

"Kuka," nikasema. Babu. Nilikuwa nimeanza kujikojolea.

"Na huyo kijana wa vifungo?"

Kabla sijajibu, Lwanga alicheka. Alicheka kwa sauti, akamnyooshea mzee kidole, kisha akamruka pale alipolala, jinsi mtu anavyoruka mtaro, akaenda zake. Kwetu mtu mzima harukwi, na kwao ni hivyo hivyo. Wale wawili nao wakacheka, wakaondoka.

Lwanga hakurudi nyumbani, wala hatukumwona tena. Mzee Kato hakuthubutu kurudi Malaba. Alibaki kwetu, baba wa mama mbele ya watu wote. Jioni ile alilia jikoni.

"Alikuwa anaigiza, ama alinidharau kweli?" alimuuliza mama. Swali hilo alilirudia kwa miaka, lakini mama hakuuona uso wa Lwanga, kwa kuwa alikuwa amemwinamia mzee. Mzee mwenyewe alikuwa uso vumbini.

Mimi nilikuwa nimesimama. Nilimwona Lwanga akiruka: mdomo ulicheka, mashavu yalikuwa yamelowa machozi. Nilidhani amecheka mpaka akalia, kama tulivyofanya sisi watoto, nikamchukia kwa hilo, na mzee sikumwambia. Nilipokuja kuelewa machozi yale yalikuwa ya nini, Mzee Kato alikuwa tayari kaburini, kule Funyula, katika shamba la mama.