Biskuti za Vitunguu Zisizotiwa Siagi

Nakumbuka Ijumaa moja, mwanangu, hapahapa Gisenyi, nikiwa msichana mwenye haraka ya kila kitu. Nilikuwa nampikia Madame Riva, bibi Myahudi aliyezaliwa ng'ambo akazeekea kando ya ziwa letu. Mikono yake ilikuwa imeanza kutetemeka, basi yeye alikaa kitini akiamuru, mimi nikakanda.

Jioni ile dada yake alikuwa anavuka mpaka kutoka Goma. Hawakuwa wameonana tangu ujana wao. Madame alitaka meza yao ya Sabato iwe na kuku, na biskuti za vitunguu alizokuwa akioka mama yao. Zilipaswa kuiva kabla ya magharibi, maana jua likizama Ijumaa, nyumba ile haiwashi moto tena mpaka kesho yake jioni.

Usidanganyike na jina, biskuti hizi hazina sukari. Unakwaruza vitunguu, unakamua maji yake kwa nguvu zote (hapo utalia, na hakuna wa kukuonea huruma), unachanganya na unga, mayai, mafuta ya kupikia, chumvi na ufuta. Unakata vipande vyembamba, unavioka ndani ya sufuria, makaa chini na makaa juu ya kifuniko. Siagi haitiwi. Dini ya Madame haikumruhusu kula nyama pamoja na maziwa, na siagi ni maziwa.

Sasa, mama yangu mzazi alikuwa ameshuka kutoka Mudende kunisalimia, na siagi ya ng'ombe wetu ameifunga kwenye jani la mgomba. Nilipotoka kwenda uani kuchukua makaa, akaona unga wangu umekaa kikavu. Kwetu mgeni haheshimiwi bila maziwa. Akatia siagi yote, akakanda, kwa mapenzi matupu. Sikujua mpaka biskuti zilipoiva na harufu ikanishtua.

“Mama, umetia nini humu?”

“Siagi. Biskuti kavu vile ni ya kumupa mugeni?”

Nikamweleza. Akakunja uso.

“We nyamaza tu. Atajua wapi? Iko siagi, haiko sumu!”

Nilishawishika, nakwambia kweli. Zilikuwa na ladha nzuri, jua limeshaegemea upande wa Goma, na macho ya Madame yalikuwa hafifu. Angekula na kusifu. Lakini nilimwona chumbani akijifunga kitambaa chake kizuri, anaimba peke yake kwa furaha, nikashindwa. Nikaenda nikamwambia.

Hakupiga kelele. Aligeukia dirisha kidogo.

“Bon. Jua iko bado. Sufuria hii weka pembeni, kamata ingine. Mama yako akwaruze vitunguu.”

Mama akakwaruza huku akinung'unika na kulia machozi. Mimi nikakamua, nikakanda, nikapepea makaa mpaka mkono ukafa ganzi. Nilijiapiza kwamba jua halitanishinda, na halikunishinda. Tulipoepua sufuria, mwanga ulikuwa bado uko juu ya vilima. Zile za siagi Madame hakuzitupa. Alisema atazila dimanche, yaani Jumapili, na chai bila nyama, akamshukuru mama kwa mikono miwili.

Dada yake alipofika, alimega moja akalia mbele ya wote bila haya. Ndipo Madame akaniita mezani, akanishika mkono.

“Ungenyamaza, mi ningekula. Sasa nitakula ya mukono yako hata nikipofuka.”

Mwanangu, wewe sasa unaingia jikoni kwa watu. Uliza kwanza ni chakula gani mtu hali, na ushike neno lake hata kama hulielewi, hata kama mkono unakuwasha kuongeza kitu kizuri. Kikiharibika, hata kama aliyeharibu ni mama yako, sema mapema, uanze upya, na usikate tamaa kwa sababu jua linashuka. Anayekula chakula chako hakukuona ukipika. Amekuamini tu.

Mungu akupe mkono mwaminifu na nguvu ya kurudia kazi, na kila atakayekaa mezani pako ale bila hofu.