Mjomba Aliyekufa Alinikataa Mara Mbili

Rafiki yangu Yunusi ana miaka ishirini na tano. Mwaka huu mama yake mzazi ameanza kumwita kaka, na hakuna aliyecheka ila mimi.

Wakuu, kicheko hicho nimekilipia.

Mimi ni Luqmani, kijana wa Kilakala, nasoma chuo pale Mazimbu. Huko nikakutana na maandishi ya mwanafalsafa mmoja wa mambo ya akili na ubongo, yakanivuruga kabisa. Jamaa anasema mtu ni kumbukumbu zake. Zikihama hizo, na mtu kahama.

Nikawa nahubiri kutwa nzima. Hadi muuza chipsi akawa akiniona anajifanya anaongea na simu.

Sasa nampenda Shamsia, dada yake Yunusi. Nampenda kinoma, sifichi. Na kwetu Waluguru, mjomba akikataa hakuna ndoa. Mjomba wa Shamsia na Yunusi, kaka wa mama yao, alikuwa Mzee Mkude, anakaa mlimani huko juu ya Bigwa.

Mshenga alipopeleka posa, mzee akataka kuniona.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba. Umeamkaje, mwanangu?"

Nami kwa ujuaji wangu: "Mzee, tuna uhakika gani kuwa aliyeamka leo ndiye aliyelala jana?"

Akamgeukia mshenga. "Mrudisheni kwao, huyu anaumwa."

Posa ikafa hapo hapo.

Miezi michache baadaye Mzee Mkude akafariki, Mungu amrehemu. Kwetu jina la mjomba haliachwi hivi hivi, mpwa hulirithi. Akishavishwa kofia ya marehemu, basi yeye ndiye Mzee Mkude, na mnamwamkia.

Aliyevishwa ni Yunusi. Mshikaji wangu wa damu!

Nikajua nimeshaoa.

Nikapanda mlima natweta. Nikamkuta kwenye kigoda, kofia imemzidi hadi kwenye nyusi.

"Oya, Yunusi!"

"Unamwita nani?"

Nikainamisha kichwa. "Shikamoo, Mzee Mkude."

"Marahaba. Sema shida yako."

Nikamwomba Shamsia. Akakohoa, kikohozi cha marehemu kabisa.

"Si nilishakukataa wewe?"

Nikaona sasa falsafa ifanye kazi. "Yunusi, huna kumbukumbu hata moja ya mzee. Kwa hiyo wewe siye."

"Kama siye, sina mamlaka ya kukuoza. Kama ndiye, nilishakataa. Chagua."

Daah. Nilishuka mlima nalia, na sioni aibu kusema.

Nyumbani nikamkuta mama analalamika. Jina la kaka yake, marehemu mjomba Kobelo, limekosa mtu, binamu zangu wote wanalikwepa.

Wazo likanijia. Nikajitokeza, nikavishwa kofia, nikala pilau ya shughuli, nikasubiri wiki moja kwa heshima. Kisha huyoo mlimani.

"Mzee Mkude, ulimkataa Luqmani. Mimi ni Kobelo."

Yunusi alicheka hadi kofia ikaanguka. "Mzee mwenzangu! Kobelo sina ugomvi naye. Nimekubali."

Shamsia akatoka jikoni, mikono kiunoni.

"Mimi sijakubali. Mzee Kobelo ana mke."

Jamani! Bibi Maimuna, mjane wa mjomba! Wiki nzima alikuwa ananiita "mume wangu" na kunituma kuni. Mimi nikidhani ni utani wa bibi na kijana.

"Uke wenza wa kificho siutaki," Shamsia akasema. "Twende, anipe ruhusa kwa mdomo wake."

Nikadhani anatania. Wapi! Tukateremka wote hadi kwa bibi. Shamsia akaketi mkekani, akaamkia, akaeleza kila kitu bila kutabasamu. Bibi akisema hapana, nimemkosa Shamsia kwa jina nililoliomba mwenyewe.

Bibi akaweka chini ungo wa mchele. Akamgeukia Shamsia.

"Mwanangu, mwanaume huyu nimeishi naye tangu nikiwa mwali. Anakoroma. Hasikii la mtu. Amekufa, nikapumzika kidogo, karudi tena."

Akamshika Shamsia mkono.

"Mchukue. Mchukue leo leo, kabla hajabadili mawazo."

Tulioana mwezi uliofuata.

Funzo langu, wakuu: kabla hujakubali kuwa mtu mwingine, uliza kwanza huyo mtu ameacha nani nyumbani.