Samaki wa Kanji walivyonusurika ukarimu wa veranda nzima, Nakuru

Wakuu, heshima kwenu. Naandika kwa kidole kimoja, mnivumilie. Haya yalinipata mwenyewe, na kwa umri wangu uongo ni mzigo mzito kubeba.

Nimeona mtu hapa akiuliza nani amlishie samaki akienda holiday. Sikia hii.

Miaka ya hamsini nilikuwa fundi wa nguo Nakuru. Cherehani yangu ilikaa kwenye veranda ya duka la Mhindi, Bwana Kanji. Veranda hiyo ndiyo ilikuwa maisha yangu. Mke wangu alikuwa Njoro na mimba ya kwanza, na kila pindo nililoshona lilikuwa unga wake.

Kanji alikuwa na tangi dogo la kioo, ndani samaki wa rangi ya dhahabu. Jua la asubuhi likiwapiga, ungedhani mtu amewasha makaa ndani ya maji.

Kanji na familia yake wakawa wanakwenda likizo Mombasa. Akafunga duka, akaliweka tangi kwenye meza yangu.

"Fundi, mara moja kwa siku, kidogo tu. Nikikuta wamekufa, tafuta veranda nyingine."

Sasa mnajua watu wetu. Huli mbele ya mtu bila kumkaribisha.

Mama Njeri, muuza uji wa pale kando, ndiye alianza. Akawatupia kipande cha mkate. Mteja aliyengoja suruali akamega ugali wake. Mwingine, mahindi ya kuchoma.

"Hawa pia ni wageni wako, fundi!"

Nikacheka. Kumbe maji yanageuka meupe kama yaliyooshewa mchele. Samaki wakapanda juu, midomo wazi.

"Ona wanavyoomba!" Mama Njeri akapiga kelele. "Fundi, uchoyo gani huu?"

Wakazidi kuwatupia.

Ndipo nikachungulia chini ya tangi. Ugali umelala pale, umeoza, haujaguswa. Mwenye njaa haachi chakula. Hawa walikuwa wanatafuta hewa.

"Kuanzia sasa hakuna kulisha," nikasema.

"Basi na uji wangu usiuguse!"

Sikuugusa. Nikachota uchafu kwa kikombe, nikaongeza maji ya mvua kutoka kwa pipa, kidogo kidogo. Mmoja alilala ubavu. Nilishona nikimtazama yeye, si sindano, nikimfikiria mke wangu. Lakini sikulegea.

Asubuhi moja nikawakuta wote chini, wakizunguka kimya, maji maangavu.

Kanji aliporudi, aliinamia tangi kabla hata ya kunisalimia. Akatazama weee.

"Wamenenepa," akasema. "Uliwapa nini?"

Mama Njeri akanitangulia: "Tuliwalea vizuri, Bwana Kanji."

Nikabaki verandani.

Funzo, wakuu: samaki mzima huvumilia njaa kidogo, havumilii huruma ya mtaa. Ukisafiri, mwonye mlishaji, halafu waonye na majirani.

Na wewe, wako ulimwachia nani, na uliwakuta katika hali gani? Mwaga hapa chini, nitasoma zote, polepole.